Tulivyopanda basi la Saltley na kipande cha ziwa

Wakuu, kama humu kuna walionizidi umri, shikamooni. Kwa hesabu zangu hawapo, kwa hiyo nyie wengine leteni zenu tu, naitikia marahaba kwa jumla.

Juzi kuna kijana alifungua uzi humu. Amefiwa na mama yake, yeye yuko Ulaya, nauli hana, makaratasi hayajakaa sawa, anauliza afanye nini. Nikasoma comments zote. Nusu wanamwambia ajikaze kiume, nusu wanamwambia aangalie mazishi kwenye simu.

Nilikasirika. Nikafuta miwani, nikamwambia mjukuu aniongezee maandishi yawe makubwa, nikaanza kuandika.

Hii sijasimuliwa na mtu. Nilikuwepo, magoti yangu yalikuwepo, na ndiyo maana yananiuma mpaka leo kukiwa na baridi. Mwenye kubisha asubiri nimalize.

Twende sasa.

Nilifika Birmingham mwanzoni mwa miaka ya sabini kusomea unesi. Mimi ni Mgogo, nimezaliwa Dodoma vijijini. Kwetu maji unayakuta ndani ya ndoo, na yakizidi ndoo unaanza kujiuliza kuna nini. Hadi leo wajukuu wakienda swimming nawasubiri nje na mataulo.

Chumba nilikuwa nashea na mwanafunzi mwenzangu anaitwa Consolata. Yeye ni wa Ukerewe. Kwa wasiojua, Ukerewe ni kisiwa ndani ya Ziwa Victoria, kwa hiyo mtu wa huko anazaliwa maji yapo mbele, nyuma na pembeni.

Conso alikuwa na maringo ya ziwa, hamjawahi kuona. Birmingham imejaa mifereji ya zamani ya kupitishia mashua za makaa ya mawe. Tukipita juu ya daraja anachungulia chini, anaguna, "Na haya nayo wanayaita maji."

Tulipanga Saltley, kwenye zile nyumba za matofali mekundu zilizobanana, kwa mama mmoja mjane kutoka Barbados. Tulimwita Auntie. Sheria zake zilikuwa chache tu: redio ni yake, jiko ni la wote, na ukimaliza chumvi unanunua.

Sasa, Januari moja ikaja telegram ya Conso.

Mama yake amefariki. Na ameshazikwa.

Ndivyo ilivyokuwa enzi zile wakuu. Hakuna group la familia, hakuna video call. Karatasi ndogo inafika mlangoni, na unapoisoma watu kule wameshapiga udongo koleo la mwisho, wameshakunywa na uji. Ndege ilikuwa kitu cha kuja nacho na kurudi nacho ukimaliza masomo, basi.

Conso hakulia. Alikunja ile karatasi, akavaa uniform, akaenda kazini.

Mimi nikadhani ni ushujaa. Siku zilivyokwenda nikaona sio. Hali chakula. Nikipika anakunywa chai, anakula mkate mkavu nikimshikisha mkononi, na jikoni haingii kabisa. Uniform ikaanza kumning'inia. Sister wa wodi, yaani nesi mkuu, akamuita na kumwambia kwamba akianguka tena mbele ya wagonjwa atarudishwa nyumbani bila cheti.

Nimesema akianguka tena. Alikuwa ameshaanguka mara moja, na trei ya dawa mkononi, na hakuniambia.

Siku hiyo nikambana. Nikamwambia hatulali mpaka useme.

Akanieleza. Kwao, kwenye ukoo wao (sisemi Wakerewe wote, msije mkanishukia), mama akifariki, mtoto wa mwisho ndiye anayefungua jiko. Matanga yakiisha anasindikizwa ziwani, anavua viatu, ananawa uso, mikono na miguu, anachota maji. Anarudi nayo nyumbani, anasonga ugali kwa maji hayo hayo, na waliofiwa wote wanakula. Hapo ndipo mama ameagwa. Kabla ya hapo, yule mtoto hagusi chungu wala hali kilichopikwa.

Na Conso ndiye alikuwa wa mwisho kwao.

Nikamuuliza, sasa si wamefanya wenzako kule? Akasema kaka zake wameshakula, maisha yanaendelea. Aliyebaki na mama ni yeye.

Mimi mtu wa Dodoma nikatoa ushauri wa Dodoma. Nikamwambia maji ni maji, fungua bomba, nawa, pika, Mungu anaona.

Akaniangalia kwa huruma, kama vile mimi ndiye niliyefiwa.

"Maji ya bomba hayamjui mama," akasema.

Nikaona nisibishane. Nikauliza kwa watu, nikaambiwa upande wa Edgbaston kuna bwawa kubwa, watu wanaendesha mashua juu yake wakati wa kiangazi. Unazunguka ukingo wake unachoka. Nikamwambia Conso Jumamosi tuna off, tunakwenda. Hiyo ndiyo mara ya kwanza nilimuona ananyoosha mgongo tangu ile telegram.

Tukaondoka asubuhi. Conso kabeba ndoo ndogo ya plastiki na khanga ya mama yake aliyopewa siku anaondoka Ukerewe. Mimi nimevaa kila nilichokuwa nacho. Wiki nzima baridi ilikuwa imekaza, ile ya maziwa kuganda kwenye chupa mlangoni na kusukuma kifuniko.

Hapo mtu mwenye akili angeshajua tunachokwenda kukuta. Sisi wawili, wanafunzi wa unesi, tunaojua joto la mwili kwa nukta zake, hata hatukuwaza. Kwenye vichwa vyetu ziwa ni ziwa.

Tulipopanda ukingo, Conso akasimama.

Hapakuwa na maji. Kulikuwa na uwanja mweupe, umenyooka mpaka upande wa pili, kimya, na moshi wa viwanda juu yake.

Niseme ukweli, mimi nilifurahi. Ziwa lililofunikwa lilinifaa sana.

Lakini mwenzangu aliishusha ndoo chini. Mtu aliyelala na kuamka na mawimbi, hajawahi kuona ziwa limenyamaza. Akasema polepole, "Hata ziwa lao limefunikwa shuka."

Nikamshika mkono tu tukasimama pale kwenye upepo.

Kisha akaona ndege.

Mbali kidogo na ukingo kulikuwa na kipande kimebaki wazi, maji meusi, na bata na ndege wengine weupe wamejaa hapo wametulia. Conso akavua viatu. Nikamuuliza unafanya nini, akasema haendi ziwani na viatu. Akajifunga khanga juu ya koti, akachukua ndoo, akateremka na kuanza kutembea juu ya barafu na soksi zake.

Nikapiga kelele. Akanijibu bila kugeuka, na sauti ya mtu anayejua:

"Tulia wewe. Ndege wakitulia, hapo ni salama."

Wakuu, hapa nisimame kidogo niwaeleze, maana nilikuja kuelewa baadaye. Kwao ziwani kuna mamba. Mtoto wa kike akitumwa maji anafundishwa kuangalia ndege kwanza. Wakiwa wametulia juu ya maji, hapana kitu chini, chota. Wakiruka ghafla, kimbia. Hilo somo limeokoa watu wengi sana Ukerewe.

Birmingham ni kinyume. Ndege wako pale kwa sababu pale ndipo barafu ilipokuwa nyembamba mpaka ikaachia. Kila hatua anayowasogelea, sakafu inapungua chini yake. Mtu yeyote mwingine duniani angewaona wale bata akageuka. Mtu wa Ukerewe akawafuata.

Mimi nilikuwa sijui hayo. Nilijua tu kwamba sipendi.

Nyuma yetu kulikuwa na mzee wa Kizungu na fimbo, kaja kuwarushia bata mikate. Alipomuona Conso alitupa mfuko wote.

"Lie down, bab! Lie flat!"

Bab ndivyo wazee wa Birmingham walivyomwita kila mwanamke, wa miaka mitano hadi themanini. Conso akageuka kumuangalia. Na hapo nikasikia sauti. Haikuwa kubwa. Ilikuwa kama mtu anachana kitambaa kirefu taratibu. Ndege wakaruka wote.

Mguu wake mmoja ukazama mpaka juu ya goti. Ndoo ikaserereka ikaingia majini, ikajaa, ikapotea.

Nikajikuta niko kwenye barafu. Sikumbuki kuamua. Mzee alinivuta chini kwa koti, akanilaza kifudifudi, akanipa fimbo yake, akaniambia nijivute kwa tumbo, yeye akalala nyuma yangu akanishika vifundo vya miguu. Mzee wa watu, na koti lake zuri la Jumamosi.

Jamani. Mgogo, nimelala juu ya maji.

Chini ya uso wangu barafu ilikuwa inaonyesha. Niliona mapovu yameganda ndani yake, na chini zaidi giza. Nilisali sala zote, za Kianglikana nilizofundishwa na za Kikatoliki nilizozisikia kwa Conso, kwa kuwa siku hiyo sikutaka kubagua.

Nikamfikia kwa fimbo. Akashika. Nikamwambia lala, lala wewe mjinga, akalala, akaivua khanga akanirushia ncha nikaizungusha mkononi. Mzee akanivuta mimi, mimi nikamvuta yeye, hivyo hivyo, mpaka magoti yangu yakakwaruza mawe ya ukingo. Sijawahi kupenda mawe vile.

Tukakaa chini wote watatu tunahema. Mzee akavua skafu yake akaufunga mguu wa Conso, akamvalisha viatu mwenyewe, anatukana polepole kwa Kibirmingham. Kisha akauliza swali alilokuwa na haki nalo. Mnatafuta nini humo?

Conso alikuwa anatetemeka, hawezi kuongea. Nikajibu mimi kwa Kiingereza changu cha wakati ule. Nikasema, mama yake amekufa mbali, anahitaji maji ya ziwa apike.

Nilitegemea atacheka au atauliza maswali ya kizungu. Hakufanya lolote kati ya hayo. Alivua kofia.

Kisha akakaa karibu na Conso, akamwambia maneno ambayo nayakumbuka karibu yote. Kwamba hilo ni bwawa dogo tu. Kwamba ana kaka yake alihamia Canada, na huko kuna maziwa makubwa huoni ng'ambo, na wakati wa baridi yanafunga, watu wanapita juu na malori. Conso akainua kichwa, akauliza, makubwa hivyo? Na samaki je?

Mzee akasema samaki wako chini wanaendelea na mambo yao. Barafu inakaa juu tu, chini maji hayajaganda. Linafunikwa ili lisigande lote, akasema, na mwezi wa tatu linafunguka lenyewe, hakuna anayelifungua.

Sijui kama alikuwa anaongelea ziwa tu. Wazee wale hawakuwa na mazoea ya kutoa pole kwa maneno.

Akasimama, akashuka pale kwenye mawe, akagonga ukingo wa barafu kwa kisigino na fimbo mpaka kikamegeka kipande kizuri, kipana, kinene kama tofali. Akakiinua kwa mikono miwili akamwekea Conso magotini.

"There's your lake, bab."

Conso akakiangalia. Akapitisha kiganja juu yake, akajipaka uso, akajipaka mikono. Mguu ulikuwa umeshanawa kwa nguvu. Akakifunga kwenye khanga ya mama yake vizuri kabisa, kama anafunga mtoto mchanga, anakunja ncha, na mimi niliyezoea kuona wazazi wodini nikageuza uso.

Haya, sasa mrudi nyumbani na ziwa.

Basi la kwanza hadi mjini halikuwa na shida. La pili, la kwenda Saltley, limejaa. Tukakaa chini karibu na ngazi. Ziwa limeanza kuchuruzika. Mimi namwambia Conso liweke sakafuni, yeye anasema haliwekwi chini, namwambia basi nipe nilipakate una mguu mbichi, hataki. Tunagombana kwa Kiswahili sauti ya juu, Wazungu wanaangalia dirishani kwa adabu.

Kondakta akaja. Singasinga, kilemba safi, mashine ya tiketi kifuani. Akaangalia maji sakafuni, akaangalia khanga. Kisha akafungua mdomo:

"Dada, wewe nabeba nini hapo nalia maji?"

Nusura nianguke. Wahindi wa Kenya walikuwa wameanza kuingia kwa wingi miaka ile, ila sikuwahi kukutana na mmoja ndani ya basi.

Conso akajibu kama vile ni jambo la kawaida. "Ziwa. Nimefiwa na mama."

Kondakta akaachia mashine ya tiketi. "Wewe ya wapi?"

"Ukerewe."

"Mimi ya Kisumu," akasema. "Duka ya baba yangu, nyuma yake, maji. Asubuhi nafungua mlango, naona ziwa. Hiyo hiyo yako." Akachuchumaa pale kwenye basi linayumba, akaomba ruhusa kwa macho, akafunua ncha ya khanga na kuweka vidole viwili juu ya barafu. Akaviacha hapo mpaka vikalowa. "Pole sana, dada. Hata mimi sijaaga."

Mpaka kituo cha pili alikuwa bado amechuchumaa. Watu wanashuka bila tiketi.

Alitushusha mbele kabisa ya mtaa wetu, mahali ambapo si kituo.

Nyumbani Auntie alituona tulivyo, akafungua mdomo kugomba, akaona khanga, akaona uso wa Conso, akaufunga. Akazima redio. Wakuu, redio ya Auntie haikuwahi kuzimwa mchana, hata alipokuwa na homa.

Tuliweka kipande kwenye sufuria kubwa. Kilikuwa kinazidi mdomo wa sufuria, tukasubiri kikae. Conso amesimama anakiangalia kinavyopungua. Mimi, kwa kuwa najua bata wanafanya nini majini, nilisisitiza yachemke sana, na kwa hilo sikumsikiliza mtu.

Unga wa ugali enzi zile Birmingham haukuwepo. Tulitumia semolina, ile ya Wazungu kupikia uji mtamu. Conso akachukua mwiko. Mara ya kwanza anagusa mwiko tangu telegram.

Alisonga vizuri mpaka ulipoanza kukaza. Hapo ndipo kilio kilimtoka. Alilia kwa sauti, kwa Kikerewe, anamuita mama yake kwa majina ambayo sikuyajua, na mkono hauachi kusonga. Auntie akasimama nyuma yake akamshika kiuno asianguke. Mimi nililia pia, kwa mama yake, kwa mama yangu aliyekuwa hai Dodoma, na kwa uoga wa asubuhi ambao ulikuwa haujanitoka.

Tukala watatu kwenye sahani moja. Ugali ulikuwa na uvundo kidogo. Conso alikula hadi akakomba.

Alimaliza masomo. Alirudi Mwanza akazalisha watoto wengi kuliko ninavyoweza kuhesabu, mimi nikaolewa nikabaki huku.

Sasa msiondoke, ndipo ninapofika.

Miaka mingi baadaye kanisa letu lilitupeleka matembezi Wales. Milimani huko tukaonyeshwa maziwa makubwa ya kutengenezwa, na kiongozi akasema maji haya ndiyo yanasafiri ndani ya bomba mpaka Birmingham, tangu zamani sana. Kila bomba la Saltley lilikuwa linatoa maji ya ziwa.

Nilicheka mpaka watu wakaniuliza kulikoni. Jioni nikampigia Conso Mwanza. Nikamwambia shoga, tulikoswakoswa kufa bure! Ziwa lilikuwa jikoni kwa Auntie!

Kisha akasema, "Nilijua."

Kumbe kuna bibi wa Wales alikuwa mgonjwa wodini kwake, alimwambia kabla hata ya telegram, akijivunia: chai mnayokunywa hapa inatoka ziwa la kwetu.

Nikapandisha sauti. Sasa kwa nini uliniacha nitoke kwenye blanketi, nikalale juu ya barafu na mzee wa watu kanishika miguu?

Akanijibu taratibu, na sauti ile ile ya siku zile:

"Ningekuambia, ungenifungulia bomba. Bomba mtu anafungua peke yake. Mama haagwi peke yake, mwenzangu. Nilitaka mtu anisindikize."

Nilikaa na simu sikioni, nikasikia tu anapumua na mimi napumua.

Kwa hiyo kijana wa ule uzi, kama unanisoma: usijikaze. Tafuta mtu mmoja hapo ulipo, hata awe wa kabila lisilojua mila zenu, mwambie akusindikize ukafanye kile ambacho ungekifanya nyumbani. Na nyie mliokuwa mnamwambia ajikaze, mkiwa mji mmoja naye, vaeni makoti mkamgongee mlango.

Hilo ndilo nililojifunza, na nililipia kwa magoti.

Sasa uwanja ni wenu. Wewe uliyefiwa ukiwa mbali, ulifanyaje, na nani alikusindikiza? Andikeni, nitasoma zote, mjukuu ameshaniongezea maandishi.